Makato ya maduka nisiyoyajua kwenye stetimenti, nianzie wapi?

MamaG_Uyole:
Habari za jioni wakuu. Leo nimeenda benki kuchukua stetimenti ya miezi sita maana naomba mkopo kidogo niongezee mtaji wa saluni, badala ya kurudi na furaha nimerudi na homa. Kuna makato siyaelewi kabisa. La kwanza wameandika POS PURCHASE afu jina refu la kampuni linaishia TRADING CO LTD DAR ES SALAAM, 187,400. Mimi Dar mwaka huu sijakanyaga na kadi haijatoka kwenye pochi yangu. Lingine ni GOOGLE halafu kinyota halafu maneno mengine, 11,500. Na la mwisho ndo linaniumiza zaidi, jina la kizungu silijui, linakata kila mwezi na hela yenyewe haifanani, mwezi mmoja 26,310 unaofuata 25,870 unaofuata tena 26,540, yaani kama mtu anachota anavyojisikia. Dada wa kaunta kaangalia sekunde kaniambia "hayo ni manunuzi yako mama" akaita namba inayofuata. Nifungie kadi? Niende polisi? Naombeni mnisaidie maana wa mkopo nao wanaisubiri hii karatasi.

Jembe_la_Kabwe:
Hama benki mama G, hao washazoea. Weka hela kwenye simu ulale.

Mnyalu_Asili:
Kamwene mama G. Asikutishe huyo Jembe, kwenye simu nako watu wanalia kila siku.

Nimekaa kwenye mahesabu ya duka hapa Iringa muda mrefu nikupe siri ya hilo la kwanza. Jina linalotoka kwenye stetimenti siyo la bango la dukani, ni jina ambalo mwenye duka alijisajili nalo kwa benki iliyompa mashine ya kuswaipu. Bango linaweza kusema Mama Neema Hardware, kwenye karatasi yako ikatoka kampuni ya mume wake, na mji ukaandikwa Dar kwa sababu ofisi kuu iko huko au mashine ilisajiliwa kwa anwani ya huko. Sheli za mafuta ndo usiseme, unajaza Makambako inaandikwa kama umejaza Kariakoo. Na kuna wengine mashine yao ikigoma wanaazima ya jirani, hapo ndo jina linapotea kabisa.

Sasa kabla hujaita mtu mwizi tafuta risiti za EFD, zile za mashine ya TRA, za siku ile na siku mbili tatu kabla. Angalia pale juu kabisa, kuna jina la mlipakodi na TIN yaani namba yake ya kodi, hilo jina ndo la kisheria na mara nyingi linaendana na la benki. Siku mbili tatu kabla nasema kwa sababu stetimenti ina tarehe mbili, ya kuswaipu na ya hela kuondoka kweli, na hapa katikati ikiwa na wikiendi zinaachana vizuri tu. Watu wengi wanajiuliza "tarehe 14 nilikuwa wapi" wakati walinunua tarehe 11.

Usipopata risiti ingia kwenye mtandao wa BRELA, wale wanaosajili makampuni, utafute hilo jina la kampuni. Na kama una wazo la duka, nenda kwa karani aliyechapa risiti siku hiyo, anaweza kuangalia kwenye mashine, mabaki ya slipu yana tarakimu nne za mwisho za kadi yako na namba ya mashine.

MamaG_Uyole:
Kaka Mnyalu wewe ni wa ajabu. Nimemwaga pochi yote mezani. Risiti nyingi zimefutika zimekuwa nyeupe, hizi karatasi ukiziweka karibu na joto ndo basi, lakini moja imebaki bado unaona, bati na misumari na kofia za bati, 187,400 ile ile, na juu jina ndo hilo hilo TRADING CO. Ni lile duka la vifaa vya ujenzi Mwanjelwa nyuma kidogo ya soko, bango lao jina lingine kabisa. Fundi wangu alikuwa ananisubiri saiti nikaswaipu haraka nikaondoka. Basi hilo limeisha. Wale wawili bado.

Kahawa_Mbozi:
Hao wawili wa mtandaoni usiwachanganye mama, kila mmoja na dawa yake.

GOOGLE yenye kinyota maana yake imepita kwenye Play Store, na maneno yanayofuata ndo jina la programu au mtengenezaji. Chukua simu iliyounganishwa na hiyo kadi, fungua Play Store, bonyeza picha yako pale juu, ingia malipo na usajili, kuna historia ya kila kitu na tarehe na saa. Una watoto? Simu ikikaa mezani dakika kumi mtoto kanunua almasi za gemu. Ukiona ni hiyo, pale pale unaweza kuomba kurudishiwa, na kama imepita muda mfupi tu wana huruma zaidi. Halafu weka iombe neno la siri kila ununuzi.

Huyo wa kila mwezi hakuibi kwa kujisikia, anachaji dola ile ile, tofauti unayoiona ni shilingi yetu inapanda na kushuka pamoja na cha juu cha benki cha kubadilisha fedha. Ndo alama kubwa ya usajili wa nje. Sasa andika lile jina kwenye gugo pamoja na maneno "charge on card", utashangaa wangapi wamelizwa nalo. Mara nyingi ni ile ya kujaribu bure siku saba, umeweka kadi, siku ya nane wanaanza. Angalia pia imeili zako za tarehe ile ya kwanza kukatwa, tafuta neno receipt au invoice, kuna watu barua hizo zinaangukia spamu miaka.

Jembe_la_Kabwe:
Sasa si afungie kadi tu yote yaishe? Mnamzungusha mama wa watu.

Sista_wa_Njombe:
Jembe tulia kidogo. Nilikuwa dirishani benki kabla sijaolewa, kufungia kadi kunasaidia kama mtu ana namba zako, hapo fungia leo leo usisubiri kesho, hata kama alichokata ni buku tu, maana wezi wanajaribu kwanza na kidogo waone kadi iko hai afu wanakuja na kikubwa. Lakini usajili ulioukubali mwenyewe ni kitu kingine, maduka mengine yanapata namba ya kadi mpya kupitia mitandao ya kadi na kuendelea kukata kama kawaida. Futa usajili wenyewe kwanza, uhifadhi ile imeili ya kuthibitisha umefuta.

Mama G, ukishajua kwamba hilo la kila mwezi kweli hulijui, usirudi kaunta ukaongee kwa mdomo, mdomo hauna kumbukumbu. Omba fomu ya kupinga muamala, andika tarehe, kiasi, jina kama lilivyo kwenye stetimenti herufi kwa herufi, na sentensi moja ya kwa nini unapinga, "sijawahi kununua" siyo sawa na "nilifuta wakaendelea kukata" na siyo sawa na "nimelipa mzigo haukufika". Ukichanganya hizo sababu watakurudishia fomu. Ambatisha kopi, piga picha fomu iliyogongwa muhuri, chukua namba ya kumbukumbu. Kwa kadi za Visa malalamiko mengi yana ukomo wa siku 120, na benki zenyewe zinaweza kukubana zaidi ya hapo, kwaiyo yale ya mwanzo mwanzo anza nayo.

Nikuambie na ukweli mchungu. Kama muamala umefanyika dukani kwa chipu na namba ya siri, kushinda ni kazi, watakuambia namba ya siri unaijua wewe. Wa mtandaoni ambao hukuulizwa zile namba za siri wanazotuma kwenye simu ndo mwepesi, hapo mzigo unaenda kwa muuzaji athibitishe ni wewe.

Na mtu akikupigia sasa hivi akasema ni wa benki anakusaidia kurudisha hela, taja zile namba tatu za nyuma ya kadi, kata simu.

MamaG_Uyole:
Ubarikiwe sista. Ya Google ni mwanangu Gift, nimeona kwenye historia, saa tatu usiku, gemu la magari. Nimeomba warudishe nasubiri. Huyu wa kila mwezi imeili zote nimepekua hamna kitu, na mume wangu kasema hajui, kwaiyo usiku huu nafungia kadi kwa programu ya benki na kesho fomu. Swali moja tu, wakiniambia tena "ni manunuzi yako mama"?

Sista_wa_Njombe:
Mwombe meneja wa tawi na useme unataka jibu la maandishi. Wakikaa kimya au jibu likiwa halieleweki, unakwenda BoT yaani Benki Kuu, wana utaratibu wa malalamiko ya wateja wa benki chini ya kanuni za mwaka 2019, na tawi lao lipo hapo hapo Mbeya huna haja ya kupanda basi. Ila watakuuliza kama ulianza na benki yako, ndo maana nasema ule muhuri usiuache.

Na huyo wa mkopo mwambie tu umefungua malalamiko kwenye muamala mmoja, mpe kopi. Hawana shida na hilo.

Mnyalu_Asili:
Na ile risiti ya bati ipige picha leo kabla nayo haijawa nyeupe.