Ushauri: Nataka kuanzisha matembezi ya historia ya damu katikati ya Nairobi. Nisimame wapi, na wapi nipite tu?

MtembezaWageni

Wadau, habari za jioni. Mimi ni mtembeza wageni, leseni ninayo, na kazi yangu kubwa ni mbuga ya Nairobi na ndovu mayatima. Siku hizi wageni wengi wakishamaliza wanyama huniuliza mjini kuna nini. Vijana wetu wenyewe pia wananiuliza, hasa wa vyuo.

Wazo langu ni matembezi ya miguu, kama saa mbili hivi, jioni jioni, kuhusu mauaji na uhalifu uliotikisa jiji hili. Kwenye orodha nina Lord Erroll, mlowezi wa Kizungu aliyepigwa risasi 1941, waziri Tom Mboya, mbunge JM Kariuki, Nyayo House walikoteswa watu, na bomu la ubalozi wa Marekani la 1998. Halafu nimalizie na majambazi wa miaka ya tisini, kina Wanugu, Wacucu na Rasta, maana hao kila aliyekulia Nairobi ana kisa chao.

Naomba mnisaidie: njia nipange vipi? Kuna mahali nikisimama nitajiletea balaa? Na majambazi niwaweke au niwaache? Mke wangu anasema nataka kula kupitia maiti za watu. Nimemjibu kwamba hata makavazi yana tiketi, lakini sikumshawishi.

Kanjo Mstaafu

Jioni sahau. Moi Avenue saa kumi na mbili ni watu wanaokimbilia magari, wachuuzi, na vidole vyepesi kwenye mifuko ya wageni wako. Fanya Jumapili asubuhi, barabara iko wazi na hata sauti yako itasikika. Kikundi cha watu wachache, bila spika. Watu ishirini wakisimama pamoja wakimsikiliza mtu mmoja, askari wa kaunti atakuja kuuliza kibali, na wa polisi atadhani ni maandamano.

Mswahili wa Leyton

Kaka, niko London, na biashara hiyo huku ina miaka mingi, kwa hiyo nikupe niliyoyaona.

Mtaa wa Whitechapel unajulikana duniani kote kwa sababu ya muuaji mmoja wa 1888 ambaye hakukamatwa mpaka leo. Kila jioni makundi yanapishana kwenye vichochoro, viongozi wamevaa makoti marefu meusi, wengine wana projekta ndogo za kumulika picha za maiti ukutani. Pale Mitre Square, alipouawa Catherine Eddowes, kikundi kimoja hungoja kingine kiondoke ndipo kisimame. Watu wanacheka, wanapiga picha, wanapiga kura nani alikuwa muuaji.

Nilitembea na kiongozi wa namna hiyo, baadaye nikatembea na mama mmoja ambaye hakumzungumzia muuaji hata kidogo. Alituambia kuhusu Mary Ann Nichols: usiku ule alifukuzwa kwenye nyumba ya kulala wageni maskini kwa sababu hakuwa na peni nne za kitanda. Akatuonyesha bei ya kitanda, bei ya mkate, mshahara wa kufua nguo. Tulipofika mahali alipouawa hakuna aliyetoa simu. Nilielewa London ya 1888 siku hiyo kuliko siku zote za kuishi hapa.

Uliza pia habari ya jumba la makumbusho la Cable Street. Walipoomba kibali waliwaambia watu kwamba litakuwa la historia ya wanawake wa East End. Lilipofunguliwa 2015 likawa la yule muuaji. Akina mama walisimama nje na mabango. Kwa hiyo lile neno la mkeo halikuanzia kwenu nyumbani.

Kondoo Mweusi

Wazungu watataka Lord Erroll tu. Hela iko hapo.

Mzee wa Kaloleni

Mdogo wangu MtembezaWageni, nimesoma orodha yako mara mbili. Una mali lakini umeitawanya. Erroll aliuawa njia panda huko Karen, utampelekaje mtu kwa miguu? Kilichokuwa mjini ni kesi tu, na mshtakiwa, Broughton, akaachiliwa. Kiache hicho kwa wenye magari.

Sikia. Chukua Moi Avenue peke yake, iliyokuwa Government Road. Anzia juu, upande wa kituo cha Central Police na hoteli ya Norfolk. Hapo tarehe 16 Machi 1922 watu walikusanyika kudai Harry Thuku, mpinga ukoloni aliyekuwa amekamatwa, aachiliwe. Wanaume walikuwa wanaanza kurudi nyuma, Muthoni Nyanjiru akapandisha nguo yake mbele yao na kuwaambia wampe yeye suruali zao. Risasi zikalia. Serikali ilihesabu maiti 21, walioshuhudia walisema ni wengi kuliko hao, na inasimuliwa kwamba walowezi waliokuwa kwenye baraza ya Norfolk nao walifyatua. Barabara inayopita mbele ya hoteli hiyo leo inaitwa Harry Thuku. Wageni wanalala hapo hawajui.

Teremka. Unafika kwa Mboya. Jumamosi mchana, 5 Julai 1969, alipigwa risasi akitoka duka la dawa la Chhani. Nilikuwa mtoto Kaloleni. Nakumbuka redio, halafu nakumbuka wanawake wakitoka nje ya nyumba zao wakiwa wameshika vichwa. Siku ya misa yake katika kanisa la Holy Family umati ulizomea msafara wa Rais Kenyatta na mabomu ya machozi yakaingia mpaka kwenye waombolezaji. Holy Family iko dakika chache tu kutoka hapo. Njenga Njoroge alihukumiwa kwa kumuua na akanyongwa mwaka huohuo, na inasemekana alipokamatwa aliuliza mbona wanamwandama yeye badala ya mkubwa. Mkubwa yupi, Kenya nzima inauliza mpaka leo. Sanamu ya Mboya iliyowekwa 2011 iko karibu na mahali alipoanguka.

Hatua chache, Hilton. Imefungwa sasa lakini mnara upo. Hapo ndipo JM Kariuki alipoonekana mara ya mwisho, 2 Machi 1975, akiondoka na maofisa wa polisi. Mwili ukapatikana Ngong. Kamati ya Bunge ikachunguza, ripoti ikaandikwa, hakuna aliyefungwa kwa mauaji yale.

Endelea mpaka mwisho, kona ya Haile Selassie. 7 Agosti 1998, bomu la ubalozi wa Marekani. Watu 213 walikufa. Jengo la Ufundi lililoanguka lilikuwa na wasichana wanaosomea ukatibu. Bustani ya ukumbusho ipo, majina yameandikwa.

Umeona? 1922, 1969, 1975, 1998, barabara moja, unateremka tu na miaka inateremka nawe. Hakuna aliyeipanga hivyo.

MtembezaWageni

Mzee, shikamoo. Miaka yote nimepita Moi Avenue na sijawahi kuiona hivyo. Nyayo House je? Na hao majambazi?

Mzee wa Kaloleni

Marahaba. Nyayo House iko Kenyatta Avenue, nje ya mstari, lakini nenda. Usitegemee kuingia chini. Vile vyumba vya chini ambamo watu waliwekwa kwenye maji gizani miaka ya themanini, wakituhumiwa kuwa wa Mwakenya, kundi la siri la kupinga serikali, vilifunguliwa watu wavione 2003, siku hizi kuingia ni shida. Simama ng'ambo ya barabara. Usielekeze kamera kwenye jengo, walinzi hawapendi. Waambie tu wageni watazame watu wanaoingia: wengi wanafuata pasipoti. Mahakama Kuu baadaye iliamuru waliotesewa mle walipwe fidia. Kati ya hao wako hai wengi, na kuna wanaopenda kusimulia wenyewe. Mlipe mmoja aje asimulie, usimwigize.

Majambazi mimi siwajui vizuri, wenzangu watakujibu.

Njeri wa Ngara

Mimi nitakujibu. Wanugu na wenzake waliimbwa na magazeti kama mabingwa wa soka. Kila wiki picha, kila wiki zawadi ya anayejua walipo. Sisi tuliokuwa na duka tulikuwa tunafunga saa kumi na moja. Jirani yetu alipigwa risasi ya mguu kwa sababu droo ilikuwa na pesa kidogo. Ukimsimulia jambazi, simulia na yule mwenye droo, la sivyo mpite.

Eastlando

Dada Njeri pole, lakini mimi nasema wawekwe. Msako wa wale watu ndio uliozoesha jiji kuona kijana amelala barabarani na umati ukipiga makofi. Baadaye kila kijana wa Dandora na Mathare akawa "mshukiwa". Kwangu mimi uhalifu wa miaka ya tisini ni pamoja na hilo. Na hilo huwezi kulisimulia Moi Avenue, lazima uvuke River Road, tena na mtu wa huko. Kuna vijana waliowahi kulala mitaani ambao sasa wanatembeza wageni upande huo. Shirikiana nao, usiwaibie kazi.

Njeri wa Ngara

Hapo Eastlando tunaelewana. Matembezi mengine basi, siku nyingine, na msimuliaji mwingine.

Wakili Chipukizi

Upande wa maneno, kuwa mwangalifu. Tofautisha mambo matatu na uyaseme kwa sauti tofauti: mahakama iliamua nini, tume au kamati iliandika nini, na mtaani husemwa nini. Marehemu hawezi kukushtaki kwa kumchafulia jina, ila aliye hai anaweza, na waliotajwa kwenye minong'ono ya 1969 na 1975 wameacha familia ambazo bado zina nguvu. Hata hukumu usiibebe kichwa kichwa. Mwanasiasa Pio Gama Pinto alipigwa risasi Westlands 24 Februari 1965 akiwa garini langoni kwake, binti yake mdogo kiti cha nyuma. Kisilu Mutua alifungwa kwa mauaji hayo, akatoka 2001 akiwa mzee, na miaka yote alishikilia kwamba si yeye. Ukisema "aliyemuua Pinto ni fulani" umefunga faili ambalo Kenya haijalifunga.

Kwa utafiti, Makavazi ya Kitaifa yako hapohapo kwenye njia yako. Magazeti ya zamani utayapata maktaba ya McMillan.

Dada wa Shangani

Salamu kutoka Unguja. Nami ni kiongozi wa watalii, Mji Mkongwe. Kila siku napeleka watu kwenye kanisa la Anglikana lililojengwa palipokuwa soko la watumwa, soko lililofungwa 1873. Kuna vyumba vya chini pale ambavyo viongozi wengi husema watumwa walifungiwa humo, na hutaja idadi ya watu na siku walizokaa bila chakula. Jengo la juu lilijengwa na wamisionari baada ya soko kufungwa, na wapo wanahistoria wasiokubali kwamba vyumba vile vilikuwa vya watumwa. Nilipoanza kuwaambia wageni jambo hilo wazi, wenzangu waliniambia nitapoteza bakshishi. Sikupoteza. Wageni waliuliza maswali zaidi, tena ya maana.

Lingine ni la kupanga kabla: amua mapema mahali ambapo hakuna picha ya mtu akitabasamu, na useme mwanzoni mwa safari, kabla hamjaondoka. Ukisema mkiwa tayari mmesimama pale, mtu anaona aibu na siku yake inaharibika. Na mpange mahali pa kuketi kunywa kitu mwishoni. Watu wakishasikia hayo yote hawataki kutawanyika ghafla.

Kondoo Mweusi

Na 25 Juni 2024, waandamanaji walipoingia Bungeni na wengine wakapigwa risasi? Bunge liko palepale. Wageni watauliza.

Eastlando

Watajibiwa na wenzao wa miaka ishirini waliokuwepo, kaka. Wale wamezikwa juzi. Mama zao wako mahakamani. Akiulizwa ajibu, lakini asiweke kituo cha kulipia.

MtembezaWageni

Nimeandika yote. Basi ni hivi: Jumapili saa tatu asubuhi, watu wasiozidi wanane. Tunaanzia Harry Thuku Road, tunateremka Moi Avenue, tunakunja kidogo mpaka Holy Family, tunarudi Hilton, tunamaliza bustani ya 7 Agosti, ambako kiingilio nitakijumlisha kwenye bei. Erroll nje. Nyayo House itakuwa matembezi yake, nikipata aliyekuwemo akakubali kuja na kulipwa sawasawa na mimi. River Road nimeshaanza kuulizia wale vijana.

Mke wangu nimemsomea uzi wote. Ameuliza kama Muthoni Nyanjiru ana sanamu. Nimemwambia mimi sijawahi kuiona. Amesema basi nianze naye na nikae hapo muda mrefu kuliko kwa Mboya.

Bado bei. Wageni wa nje najua. Kwa Mkenya nimefikiria shilingi elfu moja, mwanafunzi nusu.

Kanjo Mstaafu

Elfu moja Mkenya hatoi kutembea barabara anayoipita bure kila siku. Weka mia tano, mwanafunzi mia mbili, ukijaza wanane utanishukuru. Na Jumapili ya kwanza niwekee nafasi, nataka kusikia utakavyosema pale Central.

Mzee wa Kaloleni

Niweke mimi pia. Mbele, masikio yangu si mazuri.