"Upelelezi haujakamilika" mpaka lini? Polisi na waendesha mashtaka wanatupiana mpira, watu wanaozea mahabusu

Wakuu, nimechoka na leo sitaongea kwa upole.

Ndugu yangu yuko mahabusu hapa Tanzania kwa kesi ya utakatishaji fedha (kuficha chanzo cha pesa haramu), kosa lisilo na dhamana. Kila baada ya siku 14 anashushwa kwenye karandinga na kusimamishwa mbele ya hakimu ambaye hana hata mamlaka ya kusikiliza kesi yenyewe. Haruhusiwi kujibu chochote. Wakili wa Serikali anasimama: "Mheshimiwa, upelelezi bado haujakamilika, tunaomba tarehe nyingine ya kutajwa." Basi, imeisha hiyo. Anarudishwa gerezani.

Ukimfuata mpelelezi anakwambia jalada liko kwa waendesha mashtaka. Ukienda huko unaambiwa limerudishwa polisi na maelekezo. Maelekezo gani? Hayakuhusu. Mama yake sasa haulizi tena mwanawe anatoka lini, anauliza tu kama amekula.

Polisi wako chini ya Wizara ya Mambo ya Ndani. Magereza pia. Ofisi ya Taifa ya Mashtaka iko upande wa Katiba na Sheria. Sipingi kutenganishwa kwao, na sheria ya 2008 iliyowaondoa polisi kwenye uendeshaji mashtaka ilikuwa sahihi kabisa, maana zamani askari walikukamata, wakakupeleleza na wakasimama mahakamani kukushtaki wao wenyewe. Ninachopinga ni kwamba jalada likilala katikati ya wizara hizi mbili, hakuna anayeulizwa. Anayelipa ni aliyeko ndani.

Na msiniambie ni kesi moja moja. Masheikh wa Uamsho, kile kikundi cha Kiislamu cha Zanzibar, walikaa ndani miaka na miaka kwa mashtaka ya ugaidi, Juni 2021 DPP (Mkurugenzi wa Mashtaka) akayaondoa. Mfanyabiashara Rugemalira aliingia Juni 2017, akatoka Septemba 2021 baada ya DPP kusema hana nia ya kuendelea na mashtaka dhidi yake. Zaidi ya miaka minne! Nani alimrudishia? Mwandishi wa habari Kabendera alikamatwa Julai 2019, kesi ikaahirishwa weee, mpaka ikaishia kwenye makubaliano ya kukiri kosa Februari 2020. Hao ni watu wenye majina, magazeti yaliwaandika. Dereva wa lori au karani wa stoo anaandikwa na nani?

Hayo makubaliano ya kukiri, yaliyoingizwa kwenye sheria 2019, yananiuma kuliko yote. Mtu aliyekaa ndani bila dhamana, mtoto ameacha shule, biashara imekufa, unamwekea karatasi mbele na kumwambia akikiri anakwenda nyumbani. Hapo amekubali au amejikomboa? Katiba ibara ya 13 inasema mtu asitendewe kama mwenye kosa mpaka ithibitike. Huyu ameshatumikia kabla shahidi wa kwanza hajaitwa.

Mei 2020 Mahakama Kuu ilisema kifungu kinachozuia dhamana kinakiuka Katiba. Tukashangilia. Agosti mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ikaitengua hukumu ile. Mwaka 2022 Bunge likapitisha kwamba mtu asifikishwe mahakamani kabla upelelezi haujakamilika, tukapiga makofi tena, kumbe makosa makubwa yameachwa nje! Yaani anayeweza kupata dhamana ndiye aliyelindwa, na asiyeweza kuipata ameachwa palepale. Aliyeandika hivyo alikuwa anamfikiria nani?

Kamateni wezi, kamateni watakatishaji, hakuna anayewatetea. Lakini pelelezeni kwanza, kamateni baadaye. Mkishindwa, wekeni ukomo kwa makosa yote bila ubaguzi: muda ukipita na ushahidi haupo, mtu atoke, na asikamatwe tena mlangoni mwa mahakama kwa mashtaka yaleyale.

Mlioko wizara hizo mbili mkisoma hapa, jibuni jambo moja tu: jalada likikaa mwaka mzima bila kusogea, ni ofisa wa cheo gani anayewajibishwa? Msinitajie wizara. Nataka cheo.