Naomba ushauri: Historia ya Ujerumani niifundishe kwa tarehe moja?

Wakuu, salaam. Nafundisha historia kidato cha nne, na vijana wameomba kipindi cha ziada kuhusu Ujerumani. Nimekwama kwenye mpangilio.

Njia ya kawaida ni kufuata miaka: 1871 Bismarck anaunganisha dola, 1914, 1933, 1945. Wanasinzia. Nawaza kushika tarehe moja tu, 9 Novemba. Siku hiyo mwaka 1918 mwanasiasa Scheidemann alitangaza jamhuri kwenye jengo la bunge; 1923 jaribio la Hitler la kupindua serikali likazimwa München; usiku wa 1938 masinagogi yakachomwa moto. Halafu 1989, na hapa ndipo penye utamu. Schabowski, msemaji wa chama tawala cha Ujerumani Mashariki, anaulizwa na waandishi ruhusa mpya ya kusafiri inaanza lini. Anapekua karatasi zake, anajibu kuwa ajuavyo yeye ni mara moja. Kumbe ilipangwa kuanza kesho yake! Watu wakamiminika kwenye Ukuta wa Berlin, na kabla ya saa sita usiku askari wa kivuko cha mpakani cha Bornholmer Straße, wasio na amri ya kueleweka, wakafungua geti.

Hofu yangu ni wanafunzi kudhani historia ni tarehe kugongana tu, wakasahau kwamba Hungaria ilishafungua mpaka wake na Austria, na kwamba Gorbachev, kiongozi wa Muungano wa Kisovieti, hakutuma vifaru. Na nina dakika 80 tu.

Mliowahi kufundisha hivi, mlianzia 1918 au 1989 mkarudi nyuma? Na 1938 mliipa muda gani?