Mjadala: Je, mahakama ya London ilimtendea haki George Michael mwaka 1994?

Mwanzisha mada

Ndugu zangu, naleta mezani hoja ambayo mashabiki wa George Michael wamekuwa wakiivutana kwa miaka thelathini, na ambayo watu wengi huifunga kwa maneno mawili, kwamba alitia saini mwenyewe na kwa hiyo alipaswa kuvumilia. Tarehe 21 Juni 1994, Jaji Jonathan Parker wa Mahakama Kuu ya London aliamua kwamba mkataba wa mwimbaji huyo na kampuni ya Sony ulikuwa halali, na kwamba aliwajibika kuutimiza. Msimamo wangu ni kwamba hukumu ile ilipima fedha ikasahau kupima muda, na kwa mwimbaji muda ndio mtaji wenyewe.

Nianze mbali kidogo ili tusije tukabishana juu ya hewa. George na rafiki yake Andrew Ridgeley, waliounda kundi la Wham!, walitia saini mkataba wao wa kwanza mwaka 1982 na kampuni ndogo iliyoitwa Innervision, mmoja akiwa na miaka 18 na mwenzake 19. Masharti yalikuwa mabaya kiasi kwamba, hata nyimbo zao zilipopanda chati, wao wenyewe walibaki na kipato kidogo sana. Mgogoro ule ulimalizwa kwa maafikiano, wakahamia kampuni kubwa ya CBS mwaka 1984. Kundi lilipovunjika mwaka 1986, George aliendelea peke yake chini ya CBS, na mwaka uliofuata akatoa *Faith*, albamu iliyouza nakala zaidi ya milioni 20 na kushinda Grammy ya albamu bora ya mwaka. Mapema mwaka 1988 mkataba uliandikwa upya, wenye malipo manono, lakini ukiweza kumdai hadi albamu nane, kwa kikomo cha miaka 15. Wakati huohuo CBS Records ilikuwa inanunuliwa na Sony ya Japani kwa dola bilioni mbili.

Sasa tazameni kilichofuata. Mwaka 1990 alitoa *Listen Without Prejudice Vol. 1*, akakataa sura yake isitumike kuiuza. Naomba kila anayeshiriki mjadala huu aitazame tena video ya "Freedom! '90", iliyoongozwa na David Fincher. Mwimbaji hayumo hata kwa sekunde moja. Naomi Campbell, Linda Evangelista, Christy Turlington, Cindy Crawford na Tatjana Patitz ndio wanaofuatisha maneno kwa midomo, na kila kiitikio kinapofika kitu kimoja cha enzi ya *Faith* kinateketea: lile koti jeusi la ngozi linawaka moto likiwa limetundikwa, kisha gitaa na mashine ya kuchezea santuri vinalipuka. Nilipoiona mara ya kwanza nilikuwa kijana, nikadhani ni mbwembwe za kisanii tu. Leo naiona kama barua ya kujiuzulu aliyoandikiwa mwajiri ambaye hakuwa tayari kuipokea.

Uingereza albamu hiyo ilishika namba moja. Marekani ilikomea namba mbili, na kwa jumla mauzo yake duniani hayakufika nusu ya yale ya *Faith*. George aliilaumu Sony kwamba haikuitangaza ipasavyo kwa sababu haikupendezwa na njia aliyoichagua. Kazi ya pili iliyokusudiwa kuufuata ule mfululizo akaiacha, na nyimbo tatu akazitoa mwaka 1992 kwa albamu ya hisani ya *Red Hot + Dance*, iliyochangisha fedha za kupambana na UKIMWI. Oktoba mwaka huohuo akafungua kesi.

Alishindwa. Na kati ya Septemba 1990 na Mei 1996 hakutoa albamu yoyote ya nyimbo mpya. Alikuwa na miaka 27 ilipotoka ile ya pili, na alikuwa anakaribia 33 ilipotoka ya tatu. Hiyo ndiyo miaka ambayo mwimbaji wa aina yake huwa na sauti iliyokomaa na mwili ambao bado haujachoka, na hakuna hukumu wala suluhu inayoweza kumrudishia. Nasubiri hoja zenu, hasa za wanaoamini kwamba jaji alikuwa sahihi.

Mchangiaji wa kwanza, kutoka Unguja

Ndugu mwanzisha mada, nakushukuru kwa maelezo, lakini kuna jambo ambalo umelipita kimya, nami siwezi kulipita. George Michael aliifananisha hali yake na utumwa, tena hadharani, mbele ya waandishi wa habari. Mimi nimezaliwa mjini Unguja, na tangu utotoni nimepita Mkunazini, mahali lilipokuwa soko la watumwa hadi lilipofungwa mwaka 1873, na ambapo leo limesimama kanisa kuu la Kianglikana. Kwetu sisi neno hilo lina mahali pake panapoonekana kwa macho. Mtu aliyeketi na mawakili wake, akajadili kila kifungu, akapokea mamilioni ya pauni, kisha akaendelea kuishi katika nyumba aipendayo, hana haki ya kulichukua neno hilo na kulivaa kama vazi la jukwaani.

Sisemi kwamba hakuonewa. Huenda alionewa. Nasema kwamba aliyeonewa katika biashara aseme ameonewa katika biashara, na kwamba madai yake yangenigusa zaidi kama angeyataja kwa jina lake halisi.

Mchangiaji wa pili, mwanasheria

Nimefanya kazi ya mikataba kwa muda mrefu, na ninaheshimu uchungu wa mwanzisha mada, ila naona amemlaumu jaji kwa jambo ambalo hakuulizwa. Mahakama haikuombwa kusema kama Sony ilikuwa mwajiri mwema. Iliombwa kusema kama mkataba ulizuia mtu kufanya biashara yake kupita kiasi kinachokubalika, na kama ulikiuka sheria za ushindani za Ulaya.

Katika eneo hilo sheria ya Uingereza haijawa na moyo mgumu kwa wasanii. Mwaka 1974 Baraza la Malodi, lililokuwa mahakama ya juu kabisa wakati huo, lilimfungua mtunzi Tony Macaulay kutoka katika mkataba alioutia saini akiwa kijana wa miaka 21, kwa sababu ulimfunga yeye kutoa nyimbo zake zote bila kumfunga mchapishaji kuzitumia. Holly Johnson, mwimbaji wa kundi la Frankie Goes to Hollywood, naye alifunguliwa mwishoni mwa miaka ya 1980. Tofauti ni kwamba hao walikuwa wanyonge siku walipotia saini. George Michael wa mwaka 1988 alikuwa miongoni mwa wauzaji wakubwa wa muziki duniani, na mawakili wake waliijua kazi yao. Jaji aliona pia kwamba mkataba wa 1988 ulikuwa marekebisho ya ule wa 1984, nao wa 1984 ulitokana na maafikiano ya kumaliza ule mgogoro wa Innervision. Watu wakipatana ili wasishitakiane, kisha mmoja akaruhusiwa kurudi miaka kumi baadaye kuvunja matunda ya mapatano hayo, nani atakubali tena kupatana? Aidha, mwenendo wake baada ya kutia saini ulionyesha kwamba aliukubali mkataba na kufaidi malipo yake.

Kuhusu ile miaka sita, nauliza kwa dhati: Sony haikumzuia kurekodi. Aliyekataa kuwapelekea kazi ni yeye. Na mwaka 2003 alirudi Sony kwa hiari, akatoa *Patience* mwaka 2004. Kama mwenye nyumba alikuwa dhalimu kiasi hicho, mpangaji amerudi kufanya nini?

Mwanzisha mada

Ndugu yangu wa Unguja, umenishinda, nami sitalitetea neno lile. Ningekuwa mshauri wake ningemwambia aliache. Ninachoomba tu ni kwamba ubaya wa neno usiifute hoja iliyokuwa chini yake.

Mheshimiwa wakili, hoja yako ya mapatano ni nzito, na nimeisoma mara mbili. Hata hivyo, ifuatilie hadi chanzo chake. Kijana wa miaka 18 aliingia katika mkataba mbaya wa 1982. Mkataba wa 1984 ulizaliwa katika kutafuta mlango wa kutokea humo, na ule wa 1988 ukajengwa juu ya wa 1984. Kila mara alikuwa na nguvu kuliko mara iliyotangulia, kweli, lakini hakuna siku hata moja aliyokaa mezani akiwa mtu huru anayeweza kusema asante, nakwenda kwa jirani. Nguvu uliyomwona nayo mwaka 1988 ilikuwa nguvu ya kuongezewa mrabaha, haikuwa nguvu ya kuondoka. Na rekodi zenyewe ziliendelea kuwa mali ya kampuni.

Kuhusu kukataa kurekodi, sikubaliani nawe hata kidogo. Kumpelekea kazi mpya mtu unayeamini ameifukia ile iliyotangulia ni kumwongezea rehani. Mlango ulipofunguliwa tuliona alichokuwa nacho. Mwaka 1995 wahusika walipatana kabla rufaa haijaamuliwa, akaenda kampuni ya Virgin, na DreamWorks kwa Marekani. Januari 1996 "Jesus to a Child", wimbo aliomwombolezea mpenzi wake Anselmo Feleppa aliyefariki mwaka 1993, uliingia chati za Uingereza moja kwa moja namba moja. Nyimbo zote sita zilizotolewa kutoka *Older*, ile albamu ya tatu, zilifika tatu bora nchini humo. Mtu aliyefiwa katikati ya kesi alilazimika kusubiri karibu miaka mitatu ndipo kilio chake kisikike kwenye redio. Mimi siuoni huo kuwa mgomo wa tajiri mwenye kinyongo.

Sasa nakuja kwenye kurudi kwake, ambako umekuweka kama msumari wa mwisho. Hesabu miaka 15 kuanzia 1988. Inaishia 2003, mwaka uleule aliporudi. Kama karatasi ile ingetekelezwa kwa ukamilifu, bila yale mapatano ya 1995, angefika 2003 akiwa bado mtu wao, awe ameridhika au hajaridhika. Badala yake alifika akiwa na miaka 40, akitoka kwingine, akachagua. Kwa hiyo nakuuliza wewe uliyezoea mikataba hii: ukiandikiwa leo na mwimbaji wa miaka 24 aliyefanikiwa, mwenye wakili mzuri na fedha za kutosha, akikuonyesha kifungu cha albamu nane katika miaka 15, utamshauri atie saini?