MJADALA: Mtu akishindwa kulipa deni, polisi waitwe?

Wana Tanga, naleta hoja. Siku hizi mtu akikopesha laki tatu asilipwe, hakumbuki mahakama wala wazee wa mtaa. Anakwenda kituoni kuchukua RB, ile namba ya taarifa iliyofunguliwa polisi. Jioni mdaiwa anafuatwa kwake, analala mahabusu, na ndugu wanachangishana usiku kucha ili atoke. Hela inapatikana, sikatai. Nasema hata hivyo ukome mtindo huu. Sheria ya polisi imewapa kulinda amani na mali, kuzuia uhalifu na kuupeleleza. Kukusanya madeni haimo. Mnaopinga, karibuni.

Mchangiaji wa Makorora: Wewe hujadhulumiwa. Kikoba chetu mtunza hazina alitoweka na akiba ya mwaka mzima, wiki moja kabla ya mgao. Nimwandikie barua ya kumkumbusha? Polisi ndio waliompata.

Mleta hoja: Dada yangu, huyo hakukopa. Alikabidhiwa fedha za watu akazila. Huo ni wizi, na polisi walikuwa kazini kwao. Hata aliyechukua mzigo huku akijua anachosema ni uongo, Kanuni ya Adhabu inamshika kwa kujipatia mali kwa udanganyifu. Mimi namzungumzia aliyekopa kwa nia safi, biashara ikafa. Kesi yake inabandikwa jina la "utapeli" ili ipate kufunguliwa kituoni, basi. Huyo ni wa mahakama ya mwanzo, inayosikiliza madai ya fedha hadi milioni 30.

Deep Sea: Mahakama ya mwanzo naijua. Tarehe, tarehe, tarehe. Mimi nimempa kijana boda kwa mkataba, hesabu haleti, simu hapokei. Nikingoja hukumu, pikipiki itakuwa chuma chakavu. Hebu niambie mwenye mali afanye nini.

Mleta hoja: Akiificha au akiiuza pikipiki yako, nenda polisi hata leo. Akichelewesha hesabu tu, huo ni mkataba uliovunjwa: chukua pikipiki kama mlivyoandikiana, kilichobaki dai. Ucheleweshaji wa mahakama ni kweli, nakuunga mkono, lakini dawa yake si kumpa askari kazi ya hakimu. Na msidhani mahakama haina meno. Chini ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai mdaiwa anaweza kupelekwa jela kama mfungwa wa madai, ila baada ya hukumu, akishapewa nafasi ya kujieleza, tena anayedai ndiye anayelipia chakula chake huko. (Hapo ndipo wengi hughairi!)

Pongwe: Mwenye nyumba akitupa vyombo vya mpangaji nje, polisi nao wakae kando?

Mleta hoja: Waje, wazuie ngumi. Nani kavunja mkataba wa pango, hilo wasiliguse. Kikomo ninachotaka ni kimoja: pesa ya deni isihesabiwe juu ya meza ya kituo. Makorora, hili nalo unalipinga?

Makorora: Kwa deni la kawaida, hapana. La kikoba changu nitalihesabu popote nitakapolipata.