Naomba ushauri: kikokotoo cha grafu kinaficha tundu

Habari za muda huu, wakuu. Namsaidia mdogo wangu wa kidato cha tano hesabu, na grafu tunachora kwa kikokotoo cha mtandaoni. Jana tuliandika y = (x² − 4)/(x − 2). Ukatokea mstari mnyoofu, safi kabisa, sawasawa na wa y = x + 2. Dogo akaanza kuunakili daftarini. Nikamwambia weka x = 2: juu sifuri, chini sifuri, haigawanyiki. Pale kwenye (2, 4) lazima pawe na kiduara kitupu, yaani tundu, kuonyesha nukta hiyo haimo kwenye grafu! Tukavuta picha karibu hadi vidole vikachoka, tundu halikuonekana. Sasa ananiuliza aamini simu au aniamini mimi.

Tatizo jingine, grafu ya sin x kulala karibu bapa, tulishalitatua: kikokotoo kilikuwa kimewekwa kwenye nyuzi badala ya radiani.

Kuna namna ya kulionyesha tundu lenyewe? Programu ya kuchora grafu ya GeoGebra je? Na walimu mliomo humu, mnaanza na jedwali la x na y kwa mkono, au simu kwanza? Natamani aelewe, siyo anakili tu. Bando letu ni la kuhesabu, kwa hiyo kinachofanya kazi bila intaneti kitatufaa zaidi.