Kikundi cha ukoo: usiku wa Rufaro

Junior: Kamwene wote. Leo 18 Aprili, Zimbabwe wanasherehekea uhuru. Sikilizeni hiyo hapo juu 👆🏾 Bob Marley, Salisbury, 1980

Shangazi Dar: Kamwene. Salisbury ndiyo wapi tena?

Junior: Harare, shangazi. Jina lilibadilishwa 1982

Mama Junior: Jamani michango ya kipaimara. Naona watu wanasikiliza reggae tu

Baba Mdogo: Bob hakulipwa pale. Kusafirisha vyombo na mafundi mitambo aligharimia mwenyewe. Wa siku hizi bila kutanguliziwa hela hapandi jukwaani

Shangazi Dar: Waache watoto wa watu, wana kodi za nyumba 😂

Babu: VIJANA WA ZANU, WAPIGANAJI WA MUGABE, WALE WA KAMBI YA MGAGAO, IRINGA, NILIWAUZIA MAHINDI. USIKU KUCHA WANAIMBA

Junior: Babu, punguza herufi kubwa 🙏🏾

Babu: ZINAPUNGUZWA WAPI

Junior: Basi usiku wa kuamkia 18, ndani ya uwanja wa Rufaro wamekaa wakubwa: Mugabe, Prince Charles wa Uingereza. Wananchi kibao wako nje ya geti. Kuanza kusukuma waingie, polisi wakapiga mabomu ya machozi. Moshi mpaka jukwaani! Wenzake wakakimbia, Bob akarudi kumalizia

Binti Dodoma: Ngoja. Wimbo wa Zimbabwe kautoa 1979 vita bado inapiganwa, kawaimbia wao. Halafu siku yenyewe wao ndio wako nje?

Baba Mdogo: Wako nje na machozi juu. Polisi ni wale wale wa Ian Smith, mtawala mzungu wa zamani. Bendera imeshushwa, virungu havijashushwa

Mama Junior: Na mkataba wa kumaliza vita walitia saini London Desemba tu. Miezi minne! Mtu akisikia mlio si anajua vita imerudi

Junior: Ndipo akapiga onyesho la pili, bure, la wananchi. Mei 1981 akafariki, miaka 36

Shangazi Dar: Masikini. Mdogo hivyo

Babu: HAO WATEJA WANGU WALIKUWA NDANI AU NJE YA GETI

Baba Mdogo: Mzee, hapo sina jibu

Babu: MMOJA ALIONDOKA NA MADEBE YANGU MAWILI. ALISEMA ATALIPA TUKIPATA NCHI

Binti Dodoma: 😂😂 Babu, umemsamehe?

Babu: MAHINDI NIMESAMEHE. MADEBE BADO

Mama Junior: Michango jamani